Uliza Tukujibu: Ligi ya wanawake ikiishia njiani, kombe anapewa nani?

Toleo lililopita tuligusia kidogo tu ule msimu wa 2019/20, korona ilivozima ligi za wanawake karibu dunia nzima, tukajua tumemaliza, kumbe ndo tumechokoza nyuki. Maswali yamekuja mengi mpaka nimelazimika kuchagua, yaliyofanana nimeyaunganisha, kwahiyo ukiona swali lako limepungua maneno usinune. Matusi nimeyatoa. Mashabiki wa Man City mnajijua.

SWALI: Dada mambo. Naomba unieleze taratibu maana nimebishana na washkaji wiki nzima. Msimu ule ligi ya wanawake England inasimama Man City ndo walikuwa juu ya msimamo, pointi 40, Chelsea 39. Baadae tunaambiwa bingwa ni Chelsea. Sasa aliye juu si ndo bingwa jamani? Huu si ubingwa wa mezani kabisa?
*Mwana City asiye na raha*

JIBU: Poa sana, pole na kubishana. Tatizo lako na washkaji wako mnaangalia safu ya pointi mnaruka safu ya mechi. City walikuwa na hizo 40 baada ya mechi 16, Chelsea walikuwa na 39 baada ya mechi 15, yaani Chelsea walikuwa na kiporo, mechi moja ambayo bado hawajaicheza. Msimamo wenye viporo haujakamilika, unaonyesha tu hali ilivyo hadi hapo, na ndo maana hata msimu wa kawaida ukiona timu iko juu unauliza kwanza wenzake wamecheza ngapi.

Ligi ilisimama katikati ya Machi 2020, tarehe 25 Mei FA, chama cha soka cha England, wakatangaza imeishia hapo, alafu 5 Juni wakatoa namna ya kuamua: chukua pointi gawanya kwa mechi. City 40 kwa 16 inakuja 2.5. Chelsea 39 kwa 15 inakuja 2.6. Arsenal wa tatu walikuwa na 36 kwa 15, hiyo ni 2.4. Tofauti ni kama unywele kweli, lakini ipo, na hakuna aliyetoa pointi mfukoni akampa mtu.

Sasa nikupe silaha ya kwenda nayo kwenye ubishi, maana naona huna. Kile kiporo cha Chelsea ndo kila kitu. Wangekicheza wakafungwa wangebaki na 39 kwa mechi 16, hiyo ni kama 2.44, na City wangekuwa mabingwa. Wangetoa sare wangekuwa 40 kwa 16, sawa sawa na City mpaka nukta. Kwahiyo hesabu ya wastani imewapa Chelsea kitu ambacho uwanjani walikuwa bado hawajakifanya, inachukulia kwamba kiporo watakicheza kama walivocheza zile 15. Ni dhana. Lakini na kuwapa City ubingwa kwa sababu wamecheza mechi moja zaidi nayo ni dhana, tena mbaya zaidi, maana hapo unamuadhibu mwenzio kwa ratiba ambayo hajaipanga yeye. Na Chelsea ya kocha Emma Hayes ilikuwa haijapoteza hata mechi moja ya ligi msimu ule, ushindi 12 sare 3, wakati City walishafungwa mara 2. Mi kwa hili nipo na Chelsea, nisamehe.

Udhaifu wa kweli wa ile hesabu uko kwingine: haijali umecheza na nani wala wapi. Timu ikiwa imeshamalizana na vibonde wote na imebakiza vigogo, wastani wake unavimba. Kuna aina nyingine ya hesabu ambayo wanachukua wastani wa mechi za nyumbani peke yake na za ugenini peke yake, alafu ndo wanakadiria zile zilizobaki, hiyo inapunguza kelele kidogo ila bado haijui kama uliobakiza ni wagumu au laini. Hakuna inayojua.

SWALI: Dada we shabiki wa Chelsea au vipi? Mbona umesema hivo toleo lililopita kwamba walistahili?
*Nakufuatilia*

JIBU: Hapana. Endelea kunifuatilia.

SWALI: Shikamoo dada. Mimi ni Liverpool damu, wanaume na wanawake. Swali langu ni kuhusu kushuka daraja. Bingwa sawa, mtu anaweza kupewa, lakini kumshusha mtu daraja wakati bado ana mechi 8 za kujiokoa hiyo mbona kama kumzika mtu anapumua? Na mbona nchi nyingine hawakumshusha mtu?
*Damu nyekundu*

JIBU: Marahaba. Swali lako ndo zito kuliko yote ya leo, na nakubaliana na wewe zaidi ya unavyodhani.

Tuweke namba kwanza. Liverpool walikuwa wa mwisho kati ya timu 12, pointi 6 kwenye mechi 14. Juu yao Birmingham City, pointi 7 kwenye mechi 13. Pointi moja! Ligi ilikuwa ya mechi 22, kwahiyo Liverpool walibakiza 8 na Birmingham 9. Kwa wastani Liverpool ni 0.43, Birmingham 0.54, basi Liverpool wakaenda chini na Aston Villa waliokuwa wanaongoza daraja la pili wakapanda. Na kilichowauma watu ni kwamba mwezi huo huo wa Juni, timu ya wanaume yenye jina hilo hilo na jezi hiyo hiyo wakabeba ubingwa wa England baada ya kusubiri miaka 30. Yaani ndani ya klabu moja wanaume wanapewa nafasi ya kurudi uwanjani kumalizia kazi, wanawake wanashushwa kwa kikokotoo.

Ila tusiwapake mafuta sana, timu iliyoshinda mechi moja tu kati ya 14 haiwezi kuilaumu korona peke yake.

Nchi nyingine, kweli, walifanya tofauti. Hispania walifunga ligi yao Mei 2020 zikiwa zimechezwa mechi 21 kati ya 30, Barcelona wakapewa ubingwa na hapo hakuna aliyebisha maana walikuwa juu ya Atlético Madrid kwa pointi 9. Lakini hakushuka mtu. Wakapandisha timu mbili toka chini, Eibar na Santa Teresa, ligi ikatoka timu 16 ikawa 18. Espanyol walikuwa mkiani hawajashinda hata mechi moja msimu mzima, wakabaki ligi kuu! Msimu uliofuata wakashuka uwanjani, kwa miguu yao. Ndo gharama ya huruma hiyo, ligi inakuwa na timu nyingi, ratiba inabanana, na baadae lazima ushushe wengi kwa mkupuo ili urudi kwenye idadi yako, nao walishusha wanne mwaka uliofuata.

Ufaransa wakashika njia ya England, ligi iliishia mechi ya 16 kati ya 22, Lyon bingwa kwa pointi 44, PSG 41, na Marseille na Metz wakashuka. PSG nao wana la kusema hapo maana walikuwa nyuma kwa pointi 3 tu na mechi ya marudiano na Lyon ilikuwa bado, wangeshinda wangelingana pointi. Badala yake Lyon wakaandikiwa ubingwa wa 14 mfululizo. Mwaka uliofuata PSG wakauvunja huo mfululizo bila kikokotoo cha mtu.

Msimamo wangu huu hapa: bingwa mpe, wa kushuka muache. Kumnyima bingwa kombe kunaumiza roho, kumshusha timu daraja kunaumiza roho na mfuko, wadhamini wanaondoka, wachezaji wazuri wanaondoka, na timu ya wanawake ambayo bajeti yake inategemea hisani ya upande wa wanaume ndo ya kwanza kupunguziwa. Uzito wa maumivu haulingani, basi na ushahidi unaohitajika usilingane.

SWALI: Eti yule mfungaji bora wa msimu kama huo anahesabika? Kiatu chake ni halali?
*Msomaji*

JIBU: Anahesabika. Vivianne Miedema wa Arsenal alimaliza na mabao 16, akatambuliwa, na ukitaka kubisha anza na hili: mabao 6 kati ya hayo aliyafunga mechi moja, ile ya Desemba 2019 Arsenal wakiichapa Bristol City 11 kwa 1, na humo humo akatoa pasi 4 za mabao. Mechi kama hiyo kwenye msimu uliokatwa ina uzito mkubwa kuliko kwenye msimu mzima. Lakini mabao yameingia wavuni jamani, tusimnyime mtu.

SWALI: Habari za kazi dada mhariri. Sisi ni timu ya wasichana daraja la chini kabisa. Msimu wetu ulisimamishwa tukiwa tunaongoza, tukaambiwa tusubiri, tukasubiri, mwisho wakatuma ujumbe kwenye grupu la WhatsApp kwamba msimu umefutwa, hakuna kupanda, tunaanza upya. Kocha analia mpaka leo. Hii ni haki? Wanaweza kufanya hivo kweli?
*Beki wa kulia, tulikuwa tunaongoza*

JIBU: Nzuri mdogo wangu, na poleni, mwambieni kocha namsalimia.

Wanaweza, kama kanuni zao zinawaruhusu. Wenye ligi wakikwama wana njia tatu hivi. Ya kwanza ni kusubiri na kumalizia baadae. Ya pili ni kuishia hapo hapo na kutumia matokeo yaliyopo, kwa wastani au kwa msimamo ulivyo. Ya tatu ndo hiyo yenu, kufuta, yaani kana kwamba hamkucheza, mvua mlizonyeshewa na nauli mlizochanga zote hewani.

Na hamko peke yenu. England hiyo hiyo iliyowapa Chelsea kombe kwa wastani, kule chini walifuta. Machi 2020, mapema kabisa, FA wakatangaza kwamba kuanzia daraja la tatu mpaka la saba kwa wanawake matokeo yote yanafutwa, hakuna kupanda hakuna kushuka. Sunderland walikuwa wanaongoza kundi lao la kaskazini daraja la tatu, wakapigwa chini kama nyie. Nchi moja, chama kimoja, juu wanahesabu pointi chini wanapasua karatasi! Hapo ndo utaona hata hao wakubwa walikuwa wanaamua huku wanatembea. Sunderland walikuja kupanda mwaka 2021, na sio kwa msimamo, maana msimu wa pili nao ulikatika, walipanda kwa kupeleka maombi, klabu zikapimwa kwa vigezo vya uendeshaji pamoja na matokeo ya misimu ile miwili.

Hiyo ndo dawa nawapa. Andikeni barua kwa chama chenu, sio kulalamika, kuomba. Ambatanisheni msimamo wa siku ligi inasimama wenye sahihi ya msimamizi, orodha ya mechi mlizocheza na zilizobaki, na muulize mambo mawili tu, kipengele gani cha kanuni kimetumika kufuta, na nafasi zikitokea ligi ya juu (timu ikijitoa, au ligi ikiongezwa timu) nani anapewa kipaumbele. Timu za wanawake zinajitoa kila mwaka kwa kukosa hela, nafasi hutokea sana tu, na anayepewa mara nyingi ni yule ambaye barua yake ilishafika mezani.

Uholanzi walifuta hata ligi kuu, PSV walikuwa juu na hawakupewa kombe. Scotland nako walifuta ila wao ndo kwanza msimu ulikuwa umeanza Februari, hapo hata mi nisingebisha.

SWALI: Dada kombe je? Sio ligi, kombe la mtoano, FA ya wanawake. Nalo lilipewa mtu kwa hesabu?
*Nauliza tu*

JIBU: Mtoano hauna wastani, utagawanya nini? Lile la 2019/20 walilimalizia msimu uliofuata, fainali ikapigwa Wembley tarehe 1 Novemba 2020, Man City wakawafunga Everton 3 kwa 1 kwenye muda wa nyongeza. Haya, mwana City asiye na raha wa swali la kwanza, raha yako hiyo hapo. Kichekesho ni kwamba vikosi vilikuwa vya msimu mpya, kuna waliobeba kombe la msimu ambao walikuwa hata hawajafika klabuni.

SWALI: Dada naomba usitoe jina langu. Nacheza timu ya wanawake kwa mkataba, unaisha mwezi Juni. Ligi imekatishwa mapema, kiongozi anasema hakuna mechi hakuna mshahara, na miezi miwili sijalipwa. Nifanyeje, na nikikaa kimya si ndo mkataba unajifia wenyewe?
*Kiungo*

JIBU: Jina sijalitoa, na timu pia nimeifuta kwenye ujumbe wako.

Usikae kimya. Mkataba ukiandikwa unaisha Juni unaisha Juni, ligi kuisha Aprili hakuufupishi mpaka karatasi yenyewe iwe na sentensi inayosema hivo. Kwahiyo kazi ya kwanza leo hii, toa mkataba usome, tafuta sehemu mbili. Moja ni muda, imeandikwa tarehe au imeandikwa "mpaka mwisho wa msimu"? Mikataba mingi ya wanawake inaandikwa kwa msimu, na hapo ndo viongozi wanapata upenyo. Ya pili ni kipengele cha majanga yasiyozuilika, kama kipo kinasema nini, mshahara unasimama, unapungua au hakigusi mshahara kabisa. "Hakuna mechi hakuna mshahara" ya mdomoni sio kipengele.

Kazi ya pili ni barua. Kanuni za FIFA za hadhi na uhamisho wa wachezaji zinasema klabu isiyolipa walau mishahara ya miezi miwili kwa wakati inampa mchezaji sababu halali ya kuvunja mkataba, ila lazima kwanza uidai kwa maandishi na uipe siku zisizopungua 15 ilipe. Ligi zenu za ndani zinaweza kuwa na utaratibu wao, kwahiyo kabla ya kuvunja chochote ongea na chama cha wachezaji kama kipo au mwanasheria yeyote anayejua mambo ya kazi. Lakini barua ya kudai haiharibu kitu, iandike, weka tarehe, iwe na miezi na kiasi, wapelekee kwa njia itakayobaki na ushahidi, sio kumpigia simu meneja. Sauti ya simu haina tarehe.

Kuhusu hofu yako ya mkataba kujifia. Aprili 2020 FIFA walitoa mwongozo kwamba mikataba iliyokuwa inaisha mwisho wa msimu isogezwe mpaka msimu utakapoisha kweli, hiyo iliwasaidia ambao ligi zao zilichelewa kuisha. Kwa ligi iliyokatwa mapema ni kinyume chake, hakuna cha kusogeza, ni wewe kuhakikisha hawakuvuti nyuma. Na wakikuletea karatasi ya kusaini "kwa makubaliano" usisaini hapo hapo umesimama. Omba siku mbili.

SWALI: Kwa nini kila siku wanawake ndo wanakatiwa? Korona ile ile, uwanja ule ule, mbona wanaume walirudi? Usinijibu kwa siasa.
*Mama wa winga wa kushoto*

JIBU: Sijibu kwa siasa mama yangu, nakujibu kwa tarehe. Hispania wanaume walirudi uwanjani 11 Juni 2020, wanawake walishafungiwa ligi Mei. England wanaume walirudi 17 Juni, wanawake walishafungiwa 25 Mei. Italia wanaume walirudi 20 Juni, wanawake wakaambiwa basi, na mwishoni mwa mwezi Juventus wakapewa ubingwa. Nchi tatu, mwezi mmoja, picha moja.

Sababu ni hela, na sio hela ya kukosa tu, ni hela ya kupoteza. Ligi ya wanaume isipomaliza mechi inarudisha mamilioni ya televisheni, kwahiyo hata vipimo viwe ghali vipi, hoteli, madaktari, kupuliza dawa mipira, inalipa kurudi. Ligi ya wanawake ilikuwa haina cha kurudisha, kwahiyo kila kipimo ni hasara tupu, na klabu zenyewe zikiulizwa nyingi zikasema tusimamishe. Hili watu hawapendi kulisikia. Hao FA wa England walisema wameamua baada ya kusikiliza klabu, na Italia pia klabu nyingi hazikutaka kurudi. Sio kwamba wasichana hawakutaka kucheza, walioulizwa ni wanaosaini hundi.

Lakini Ujerumani wanatuharibia hiyo hadithi, na nafurahi wanatuharibia. Ligi yao ya wanawake ilirudi 29 Mei 2020, ikachezwa mpaka mwisho Juni, Wolfsburg wakabeba ubingwa kwa jasho. Walikuwa na nini wenzao hawana? Kulikuwa na mfuko. Klabu nne kubwa za wanaume, Bayern, Dortmund, Leipzig na Leverkusen, zilichanga euro milioni 20 za kusaidia wengine, na sehemu ya hizo ikaenda kwa daraja la tatu la wanaume na ligi ya wanawake, gharama za vipimo zikapata pa kushika. Na Tanzania ukiacha mjadala wa korona wenyewe, michezo iliruhusiwa kurudi Juni 2020 na wanawake wakarudi pia, Simba Queens wakachukua ubingwa uwanjani. Marekani nao ligi ya msimu mzima iliwashinda, wakaifanya mashindano mafupi kule Utah, timu zilizoshiriki zimefungiwa sehemu moja, Houston Dash wakabeba mwishoni mwa Julai. Kumbe inawezekana, ikitafutiwa namna.

Baadae 2020 hiyo hiyo FIFA walitoa msaada kwa vyama vya soka, dola milioni 1 kwa kila chama na nyingine 500,000 za soka la wanawake peke yake. Kila mwenye binti anayecheza ana haki ya kuuliza chama chake zile laki tano zilifanya nini, tena aulize kwa adabu na kwa maandishi.

Na korona sio ya kwanza wala ya mwisho. Marekani ligi yao ya kulipwa ya WUSA ilifungwa Septemba 2003 kwa kuishiwa hela, siku 5 kabla ya Kombe la Dunia la wanawake kuanza nyumbani kwao. Ikaja nyingine, WPS, nayo msimu wa 2012 ikaufuta kabla haujaanza kwa sababu ya kesi na mmiliki wa timu, na miezi michache baadae ikafa kabisa. Hapo hakukuwa na kirusi.

SWALI: Bingwa wa namna hii anajisikiaje? Medali ya mezani unaivaa kweli?
*Mchokozi*

JIBU: Waulize Chelsea, mi sijawahi pewa hata ya plastiki. Walichofanya ni kwamba zawadi ya pesa ya ubingwa, pauni 100,000, waliitoa yote kwa Refuge, shirika linalosaidia wanawake wanaopigwa majumbani, maana kipindi kile cha kufungiwa ndani kesi hizo zilikuwa zimepanda. Medali wakavaa. Na msimu uliofuata wakachukua tena, mechi zote 22 zikachezwa, ukawa mwisho wa maneno.

SWALI: Habari ndugu mhariri. Nimechaguliwa katibu wa ligi ndogo ya wanawake, timu 8. Kanuni tulizorithi hazina hata mstari mmoja kuhusu msimu kukatika. Niandike nini ambacho hakitaleta ugomvi?
*Katibu mpya*

JIBU: Nzuri ndugu katibu, hongera na pole kwa pamoja. Ugomvi utakuwepo tu, unachoweza ni kuuwahisha, mgombane kabla ratiba haijatoka wakati hakuna anayejua atakuwa nafasi ya ngapi.

Timu 8 nyumbani na ugenini ni mechi 14 kwa kila timu. Andika kiwango ambacho chini yake msimu unafutwa. Mi ningeweka nusu, yaani kila timu iwe imecheza walau 7 na iwe imekutana na kila mpinzani mara moja, hiyo ya pili ni muhimu kuliko namba yenyewe maana inaziba ile kelele ya nani alibakiza vibonde. Wakifika hapo, bingwa ni kwa wastani wa pointi kwa mechi, wakilingana ni matokeo ya walipokutana wenyewe, wakilingana tena wastani wa mabao kwa mechi. Sio tofauti ya mabao ya jumla, aliyecheza mechi nyingi atakuwa anamuonea mwenzie.

Kushuka nishasema msimamo wangu, lakini kama wajumbe wako wanataka lazima mtu ashuke, wekeni kwamba anashuka tu yule ambaye hata akishinda mechi zake zote zilizobaki asingemfikia wa juu yake. Kwa kipimo hicho Liverpool wasingeshuka. Andika pia nani anaamua na ndani ya siku ngapi, nani analipia waamuzi ambao mechi zao zimefutwa, ada ya ushiriki inarudi kiasi gani, na usajili wa wachezaji wa mkopo unaishia tarehe ipi. Hiyo ya ada usiiruke, timu ndogo zinakufa hapo.

Rasimu ikiwa tayari nitumie nipitie, na kile kipengele cha kushuka kiandike kwa mfano wa namba kabisa, wajumbe wengi hawasomi maneno lakini jedwali wanalisoma.